Siku ya Mtumbwi Ziwa Momella: Maswali Mnayotuuliza Kila Wiki

Simu zetu hufanana. Mtu anaanza na bei, anauliza saa ya kuondoka, halafu ananyamaza kidogo, ndipo linakuja swali lenyewe lililomfanya apige: "Na viboko je?" Tumeyakusanya hapa majibu tunayotoa kila siku, kwa urefu ule ule tunaoyatoa kwenye simu. Palipo na maelezo mengi tumeeleza, pasipo na maelezo tumepita.

Momella ni wapi hasa?

Ndani ya Hifadhi ya Taifa ya Arusha, upande wa mashariki wa Mlima Meru. Ukitoka Arusha mjini unashika barabara ya Moshi, ukifika Usa River unakata kushoto, na baada ya muda si mrefu uko geti la Ngongongare. Yote kwa yote ni kama kilomita 30. Wapo watu waliozaliwa Arusha, kila asubuhi wanafungua dirisha na kuutazama Meru, na hawajawahi kuingia huku. Wanachanga mwaka mzima waende Serengeti, wakati hapa ni mwendo wa kutoka kazini kwenda nyumbani siku yenye foleni. Hatuwalaumu. Hifadhi hii haijui kujitangaza.

Maziwa ya Momella ni saba: Momella Kubwa, Momella Ndogo, Rishateni, Lekandiro, Tulusia, Kusare na El Kekhotoito. Sisi tunapiga kafi Momella Ndogo. Mengine tunayapita kwa gari, tukisimama pale panapostahili kusimama.

Siku yenyewe inakwendaje?

Saa zote hapa ni za Kiswahili. Saa 12 kamili asubuhi tunawachukua mjini. Saa 1 tuko getini, tunakamilisha malipo na kuandikishana. Baada ya geti unafunguka uwanda mdogo wa nyasi unaoitwa Serengeti Ndogo, na hapo karibu kila mara kuna nyati, pundamilia na ngiri wakila pamoja kama mifugo ya mtu mmoja. Hatukai sana, tutapita tena jioni. Saa 2 na nusu mitumbwi inaingia majini, na tunakaa ziwani kama saa mbili. Kisha chai ya chupa na mandazi. Baada ya hapo tunatembea kwa miguu na askari wa hifadhi kuelekea maporomoko ya Tululusia, tunakula mchana, alasiri tunapanda gari kupitia msituni hadi ukingo wa kreta ya Ngurdoto. Saa 11 tuko nje ya geti.

Wapo wanaoomba tuugeuze mpango: asubuhi Ngurdoto, mtumbwi alasiri, ili walale kidogo. Hapana. Asubuhi ziwa limetulia kama maji ya beseni. Ikifika saa sita au saba upepo unaanza kuteremka, viwimbi vinasimama, na mtu ambaye hajazoea kafi anatumia nguvu zake zote kubaki pale pale alipo. Halafu kuna Kilimanjaro. Siku angavu, ukiwa katikati ya ziwa asubuhi, unaona Kibo kule mashariki na Meru nyuma yako. Saa nne ikipita, wingu likishapanda, mgeni anaweza kukataa kabisa kwamba kuna mlima wa mita 5,895 upande ule.

Mimi sijui kuogelea. Naruhusiwa?

Unaruhusiwa. Wengi tunaowapeleka hawajui kuogelea, na hilo si jambo la kutuficha. Tuambie mapema tu ili tukupange na mwongozaji mzoefu zaidi.

Kila anayepanda anavaa jaketi okozi, anayejua kuogelea na asiyejua, na halivuliwi hadi miguu ikanyage nchi kavu. Kulivaa tu hakutoshi. Tukikukazia mikanda, tutakushika mabegani mwa jaketi na kulivuta juu. Likipanda hadi masikioni, bado halijakaza. Kuna wanaoona aibu kuvutwa hivyo mbele ya shemeji. Vumilia.

Mtumbwi wenyewe ni mpana kuliko ule wa kuchonga unaouona kwa wavuvi, na hauchezi ovyo. Wageni wawili wanakaa mbele na katikati, mwongozaji nyuma, kwenye tezi, maana anayekaa tezi ndiye anayeushika mwelekeo. Kinachopindua mtumbwi ni mtu kusimama. Tangu tuanze kazi hii umetupindukia mmoja tu, tena hatua chache kutoka ukingoni: kijana alisimama ili apige picha na twiga aonekane nyuma yake. Maji yalimfika kifuani. Yeye alitoka salama, akicheka, simu haikutoka. Twiga hata hakugeuza shingo.

Sijawahi kushika kasia maishani.

Wala hutashika kasia. Kasia ni lile refu lililofungwa ubavuni mwa chombo, mvutaji anakaa akiwa ameupa mgongo upande aendako. Hapa tunatumia kafi: fupi, halijafungwa popote, unalishika kwa mikono miwili huku unatazama mbele. Watu wa pwani watacheka tukieleza hivi, lakini huku bara watu huchanganya, na anayechanganya maneno huchanganya na mikono.

Mafunzo ni dakika 15 kwenye nyasi. Mkono mmoja juu ya kichwa cha kafi, mwingine karibu na ubapa. Chovya ubapa wote, vuta hadi usawa wa nyonga, toa. Nguvu itoke mgongoni. Ukitumia mikono mitupu, saa moja tu mabega yatakushtaki. Wawili mnaokaa mtumbwi mmoja pigeni kwa pamoja, mmoja kulia, mmoja kushoto. Wanandoa hugombana hapa zaidi ya mahali pengine popote tunapowapeleka. Tukiona sauti zinapanda, tunawatenganisha mitumbwi, na hakuna aliyewahi kulalamika.

Haya, viboko. Tuambieni ukweli.

Wapo, na si wapole. Dume mzima ana tani moja na nusu au zaidi, na nchi kavu anakimbia kuliko wewe. Mtu akikwambia kiboko hana neno, usipande mtumbwi wake.

Lakini kiboko si kichaa. Ana sababu zake, na sababu hizo zinasomeka. Mchana anakaa majini kwa sababu jua linaikausha ngozi yake haraka. Giza likiingia anatoka kwenda kula nyasi, alfajiri anarudi. Haogelei kama tunavyodhani: anatembea chini, anajisukuma kwa miguu, ndiyo maana hupenda maji ambayo anaweza kusimama. Hugeuka hatari kwa mambo matatu. La kwanza ni kumkatia njia, yaani ukawa kati yake na kina anachokitegemea kujificha. La pili ni kuingia sehemu ambayo dume ameshajimilikisha, au kusogelea jike mwenye ndama. La tatu ni kumshtua.

Kwa hiyo kabla mtumbwi haujaguswa tunasimama ukingoni na kuhesabu. Kiboko mzima huibuka kuvuta pumzi kila baada ya dakika tatu hadi tano hivi. Ukihesabu kwa dakika moja utaona wanne, utaridhika. Ukisubiri dakika kumi, wanakuwa saba. Hao watatu wa nyongeza ndio tuliowasubiri. Tukishajua kundi liko wapi, tunachagua njia ya upande mwingine, na umbali wetu haupungui nusu ya uwanja wa mpira.

Tukiwa majini, mwongozaji hugonga ubavu wa mtumbwi kwa mpini wa kafi: ko, ko, ko. Wageni hushangaa, wanadhani tunapaswa kunyata. Kiboko anapaswa kujua tuko wapi kila dakika. Utaona masikio mawili yanageuka kuelekea kwenu, macho yanafuata, halafu anatoa pumzi kwa kishindo kama breki za lori la mizigo. Hapo mmeonana, basi. Akifungua kinywa kama anayepiga miayo, hana usingizi: anakuonyesha meno ili usije ukasema hukuambiwa. Tunarudi nyuma. Na tukiona mstari wa mapovu unakuja upande wetu huku hakuna kichwa kinachoibuka, tunapiga kafi kuelekea ukingoni bila kuulizana.

Asubuhi moja ya Julai ukungu ulikuwa mzito, tukakaa kwenye nyasi tunasubiri. Hatuoni ziwa, tunasikia tu pumzi zao, huku moja, kule mbili, na maji yakidondoka kutoka masikioni yanapotikiswa. Mgeni mmoja, mzee aliyefanya kazi bandarini Tanga, alifumba macho akaanza kuonyesha kwa kidole: yule yuko pale, mwingine kahama. Ukungu ulipoondoka saa tatu na nusu, alikuwa amekosea mmoja tu.

Na mamba?

Kwa miaka yote tuliyopiga kafi hapa hatujamwona hata mmoja.

Maji yake yako vipi? Mbona kila ziwa lina rangi yake?

Hili ndilo swali tunalolipenda, na linaulizwa na wachache.

Meru ni volkano. Maelfu ya miaka iliyopita ubavu wake wote wa mashariki ulibomoka. Ukisimama Momella ukautazama mlima utaona haukukamilika, kama bakuli lililovunjika upande mmoja, na ndani yake kuna kichuguu cha majivu. Mlipuko wake wa mwisho, mdogo tu, ulikuwa 1910. Ule ubavu ulioporomoka ulisambaa hadi huku chini, mawe na tope, ukaacha vilima na mashimo. Mashimo yale yakajaa maji, hasa ya chini ya ardhi, yakawa maziwa. Kwa kuwa hayana mto wa kuyatoa maji nje, jua hukausha maji na kuacha chumvi zake. Ndiyo magadi. Tumbukiza vidole halafu visugue: vinateleza kama umeshika sabuni ya maji.

Kila ziwa lina kiwango chake cha magadi na aina zake za mwani, ndiyo maana moja ni la kijani kibichi, la pili buluu, la tatu rangi ya chai, na yako jirani kiasi kwamba unayaona yote kutoka kilima kimoja.

Usiyanywe. Kwa magadi ungeyatema mwenyewe, lakini kuna floraidi pia. Vipimo vilivyowahi kuchapishwa vya maziwa ya Momella vinafika miligramu 690 kwa lita. Shirika la Afya Duniani linataka maji ya kunywa yasizidi 1.5. Mtu wa Arumeru haelezwi habari hii na mgeni. Meno ya kahawia ya wazee wetu, na miguu iliyopinda ya baadhi ya watoto, yalitokana na maji ya mlima huu huu. Wageni wa Dar wakituuliza kwa utani kama dereva wetu anavuta sana sigara, tunawaeleza, na utani unaishia hapo.

Naweza kuogelea? Kuvua je?

Hapana. Hapana.

Tutaona flamingo?

Heroe, ndilo jina lao la Kiswahili, ingawa hata sisi tunapoitana kwa haraka tunasema flamingo. Huwepo, lakini hawana ratiba. Wanafuata chakula, na chakula chao ni mwani mdogo usioonekana kwa macho, ambao pia ndio unaowapa ile rangi ya waridi. Mwani ukipungua ziwa moja wanahama usiku, asubuhi unakuta maji matupu. Wanazungukia maziwa ya magadi ya Bonde la Ufa, na kuzaa wanakwenda Ziwa Natron. Mara nyingi ukiwakuta kwa wingi huku watakuwa Momella Kubwa, ambako utawaona kutoka kwenye gari, si kwenye mtumbwi. Tukiwakuta, tunasimama mbali. Ukiwaendea ili waruke upate picha, umewafanya watumie nguvu walizozitafuta kwa kuinamisha kichwa siku nzima. Mwongozaji wetu akimwona mgeni anapiga makofi ili ndege waruke, humnyang'anya siku yake hapo hapo. Tumeshamrudisha mmoja ukingoni, na hela hatukumrudishia.

Ndege wengine?

Hifadhi ina zaidi ya aina 400. Ziwani utakutana zaidi na bata bukini, ambao hufoka kama wenye nyumba, na kibisi, ndege mdogo anayezama ukidhani umemwona vibaya, kisha akaibuka mahali ambapo hukutarajia. Mtafute bata mmoja wa rangi ya udongo mwekundu mwenye mdomo wa buluu, mkia kausimamisha wima. Wapenda ndege hutoka mbali kwa ajili yake, na Mtanzania humpita akiuliza simba. Kati ya Oktoba na Aprili wanaongezeka bata wanaokimbia baridi ya Ulaya na Asia. Mimi binafsi ningekuja Februari: ndege wengi, mvua kidogo, na anga safi kuliko Julai.

Simba je?

Hakuna simba katika hifadhi hii. Tunalirudia kwenye simu, tunaliandika kwenye ujumbe wa kuthibitisha nafasi, na bado kila mwezi kuna anayekuja na darubini kwa ajili ya simba. Chui yupo, fisi yupo, kuwaona mchana ni bahati. Tembo wapo wachache na wanapenda msitu. Mara nyingi utaona kinyesi chao barabarani, bado kina mvuke, na mwenyewe hayupo.

Usichokosa ni twiga. Huku wanatembea kama ng'ombe wa kijiji. Na msituni kuna mbega, mweusi mwenye joho jeupe linaloning'inia ubavuni. Anapodandia tawi mtazame mikono: hana kidole gumba. Kuna kima pia, ambaye huiba ndizi. Mbega haibi, anakula majani, hana shida na ndizi yako.

Kutembea kwa miguu katikati ya nyati ni salama?

Tunatembea na askari wa hifadhi mwenye bunduki, yeye mbele, sisi nyuma kwa mstari mmoja. Anayetoa amri ni yeye. Akisimama, simama. Akinyanyua mkono, nyamaza, hata kama ulikuwa katikati ya neno.

Nyati wa kundi hawatutishi sana. Wanainua vichwa, wanakutazama kama unawadai, halafu wanasogea. Tunayemwogopa ni dume mzee anayekaa peke yake vichakani, kwa sababu hana wenzake wa kumwonya na hapendi kushtuliwa. Kwa hiyo tunapita mbali na vichaka, tunaangalia upepo unakotoka, na hatuvai rangi zinazopiga kelele. Usikimbie hata iweje, mpaka askari aseme kimbia. Kwa kweli hajawahi kusema.

Nivae nini?

Suruali nyepesi, shati la mikono mirefu, kofia yenye kamba ya kidevuni. Tunasisitiza kamba: kofia zinazoelea Momella ni nyingi kuliko picha nzuri zilizopigwa. Viatu vinavyokubali kulowa kwa mtumbwini, na vingine vya kutembelea. Juni hadi Agosti leta jaketi zito. Huku tuko mita 1,400 na zaidi juu ya usawa wa bahari, na asubuhi ya Julai mtu aliyetoka Dar na fulana huanza safari kwa kuazima blanketi la dereva. Dada na mama wanaovaa dera au gauni refu, karibuni, ila vaeni suruali ndani na mlikunje dera mnapokaa, maana kitambaa kikilowa kinavuta. Hijabu haina tatizo lolote, ibane tu isipeperuke usoni.

Nibebe nini, niache nini?

Maji ya kunywa lita moja na nusu, miwani ya jua, mafuta ya jua, darubini kama unayo. Sisi tuna mbili, na zinagombewa. Simu iwekwe kwenye mfuko usiopitisha maji tutakaokupa, uning'inize shingoni. Mifuko ya plastiki, ile tunayoita rambo, iache nyumbani: ilipigwa marufuku nchini tangu Juni 2019. Manukato makali acha pia, tukikaa mtumbwi mmoja yanatuumiza sisi kabla ya wanyama. Spika ya muziki hatupandi nayo, hata kama ni sherehe ya kuzaliwa.

Droni?

Hapana, bila kibali cha hifadhi.

Choo?

Getini vipo, na kwenye maeneo ya kulia chakula vipo. Ziwani hakuna, kwa hiyo kahawa ya pili ingoje turudi. Na ule utaratibu wetu wa safari za mabasi, wa kusimamisha gari porini tuchimbe dawa, huku haupo. Kichaka unachokiona kitupu kinaweza kuwa na mwenyewe. Mwambie dereva mapema, usisubiri hadi uanze kubadilika rangi.

Watoto, wazee, wajawazito?

Mtumbwini tunapandisha kuanzia miaka 12, kwa utaratibu wetu wenyewe. Mdogo zaidi ya hapo anabaki ukingoni na mzazi mmoja na dereva, na siku nyingine yote anaendelea nasi. Wazee wanapanda bila shida. Kigumu kwao ni kuingia na kutoka, si kukaa, kwa hiyo tunaushika mtumbwi watu wawili na hatuna haraka. Mama mjamzito hatumpandishi, hata akija na cheti cha daktari. Tumeshagombana kwa hili na tutagombana tena.

Bei ikoje?

Kuna sehemu mbili, na watu huzichanganya. Ya kwanza ni malipo yetu: gari, mwongozaji, mtumbwi, chakula. Ya pili ni tozo za TANAPA: kiingilio, tozo ya mtumbwi, na ya askari wa kutembea. Hizo hatuzipangi sisi, na zinabadilika, ndiyo maana hatuziandiki hapa. Raia wa Afrika Mashariki analipa kwa shilingi na analipa kidogo sana ukilinganisha na mgeni kutoka nje, ila lazima athibitishe: kitambulisho cha taifa au pasipoti, kile chenyewe. Picha ya kitambulisho kwenye simu ya mke wako aliyeko Mwanza imeshawagharimu watu. Watoto chini ya miaka mitano hawalipi kiingilio. Getini hawapokei fedha taslimu. Unapewa kontro namba, unalipa kwa simu au kadi. Mtandao ukigoma asubuhi hiyo, tunasubiri wote.

Mtu akikupigia kwa bei ambayo ni pungufu hata ya tozo za hifadhi, muulize anaingilia geti gani.

Mvua ikinyesha?

Mvua ya kawaida tunavaa makoti tunaendelea, na ziwa likipigwa na manyunyu linapendeza. Radi au upepo mkali tunatoka majini hata kama mmekaa dakika kumi. Tukishindwa kabisa kuingia ziwani kwa sababu ya hali ya hewa, tunarudisha malipo yetu ya mtumbwi, au tunapanga siku nyingine. Tozo iliyokwisha lipwa hifadhini ni suala la hifadhi. Kwenye masika, Machi mwishoni hadi Mei, barabara za ndani huteleza, na gari dogo la chini usilete.

Kabla ya kuwa hifadhi palikuwa nani?

Wameru na Wamasai, kisha mashamba ya walowezi. Hapa Momella alikuwapo Mjerumani Margarete Trappe, mwindaji na mfugaji, ambaye shamba lake liliingia katika hifadhi. Hifadhi ilianzishwa 1960 kwa jina la kreta ya Ngurdoto. Mwaka 1967 Mlima Meru ukaongezwa na jina likawa Arusha.

Ukitoka geti la Momella, kijiji kilicho mbele ni Ngarenanyuki, maji mekundu kwa Kimaasai. Leo mtu akilitaja jina hilo sokoni anamaanisha nyanya. Wazee wanamaanisha 1951, serikali ya Kiingereza ilipowatoa Wameru kwa nguvu, nyumba zikachomwa, ili ardhi wapewe wazungu. Kirilo Japhet alikwenda New York 1952 akasimama mbele ya Umoja wa Mataifa kuieleza kesi hiyo. Hakushinda siku ile. Baadhi ya waongozaji wetu ni wajukuu wa waliohamishwa, na ukiwauliza njiani watakueleza vizuri kuliko tulivyoandika hapa. Uliza, ila si tukiwa karibu na viboko.

Nikifika ziwani roho ikakataa kupanda, je?

Hutabembelezwa wala kuchekwa. Mwaka juzi mama mmoja alikuja na watoto wake watatu wakubwa, waliomlipia kama zawadi. Alivaa jaketi, akakaa mtumbwini, akashika kafi, halafu akasema, "Wanangu, nendeni tu." Tukamtoa, dereva akamtandikia mkeka chini ya mti kando ya gari, akamwachia chupa ya chai. Sisi tukazunguka ziwa saa mbili, tukaona viboko saba na kundi la kuro likinywa kwenye kijito. Tuliporudi alikuwa amevua viatu. Dereva ndiye aliyetusimulia kwa sauti ya chini: twiga watano walitoka kwenye migunga, wakapita hatua ishirini kutoka pale mkekani, na wa mwisho, mtoto, alisimama akamtazama mama hadi chai ikapoa.

Mtumbwi wake hatukumtoza.